Naibu waziri kutoka Kanda ya Ziwa: maswali yanayojirudia kila mkeka unapotoka

Ikulu ikitoa mkeka usiku, yaani orodha ya walioteuliwa na walioondolewa, asubuhi yake Mwanza nzima ni mjadala. Wa Igoma anauliza kama "wetu" yumo, wa Sengerema anauliza nani katoka, na kuna mtu pale Mwaloni ambaye tayari amempangia mteule barabara ya kwanza kuijenga. Maswali ni yaleyale miaka yote, kwa hiyo tumeyakusanya mahali pamoja. Mifano imetoka kwa wabunge wa Mwanza na majirani zetu wa Geita, Mara na Kagera, na ibara zinazotajwa ni za Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya mwaka 1977. Ukikuta jibu fupi, jua kuwa maelezo marefu yako kwenye swali lingine ulilotajiwa.

## Mambo ya msingi

Naibu waziri ni nani hasa?

Ni mbunge ambaye Rais amemteua kumsaidia waziri kutekeleza majukumu ya wizara. Ibara ya 55 inasema Rais anaweza kuteua idadi yoyote ya naibu mawaziri, baada ya kushauriana na Waziri Mkuu. Ndiyo maana wizara moja inaweza kuwa na naibu mmoja na nyingine wawili. TAMISEMI (Tawala za Mikoa na Serikali za Mitaa), kwa mfano, imezoeleka kuwa na wawili kwa sababu ya ukubwa wa kazi zake. Wazee wanaokumbuka enzi za Mwalimu bado wanamwita "waziri mdogo", na hawajakosea sana.

Je, anakaa kwenye Baraza la Mawaziri?

Hapana. Hili ndilo jambo linalowashangaza wengi kuliko yote. Katiba inasema waziwazi kwamba naibu mawaziri hawatakuwa wajumbe wa Baraza la Mawaziri. Wajumbe ni Makamu wa Rais, Waziri Mkuu, Rais wa Zanzibar na mawaziri wote. Uamuzi mkubwa wa serikali unapofanyika, naibu waziri hayumo chumbani. Atakuja kuusikia, kisha atasimama bungeni na kuutetea kana kwamba alikuwepo.

Ukishika hilo moja, sehemu kubwa ya maswali yanayofuata inajijibu yenyewe.

Naibu Waziri na Naibu Katibu Mkuu si kitu kimoja?

Si kitu kimoja kabisa. Naibu Waziri ni mwanasiasa, anatoka bungeni. Naibu Katibu Mkuu ni mtendaji, anamsaidia Katibu Mkuu wa wizara. Na Katibu Mkuu ndiye afisa masuuli, yaani ndiye anayewajibika kisheria kwa fedha za wizara. Hati ya malipo haiendi kwa naibu waziri kusainiwa. Wanaomfuata mheshimiwa nyumbani wakidai malipo ya mkandarasi wanapoteza nauli.

Na Naibu Waziri Mkuu?

Huyo ni habari nyingine. Cheo hicho hakikupangiwa ibara yake kwenye Katiba kama cha Waziri Mkuu au naibu waziri, na kimetokea mara chache: Salim Ahmed Salim miaka ya 1980, Augustino Mrema miaka ya mwanzo ya 1990, kisha Doto Biteko wa Bukombe, mkoani Geita, aliyeteuliwa Agosti 2023. Biteko alipita njia ya kawaida kwanza: naibu waziri wa Madini Januari 2018, waziri kamili wa wizara hiyohiyo mwaka mmoja baadaye.

Lazima awe mbunge?

Lazima. Mawaziri na naibu mawaziri wote huteuliwa kutoka miongoni mwa wabunge. Lakini si lazima awe mbunge wa jimbo. Wapo wanaotokea viti maalumu, na Rais mwenyewe ana nafasi za kuteua wabunge wasiozidi 10. Machi 31, 2021 Rais Samia alimteua Balozi Liberata Mulamula, mzaliwa wa Kagera, kuwa mbunge na papo hapo Waziri wa Mambo ya Nje. Balozi Mbarouk Nassor Mbarouk naye akapewa ubunge na unaibu waziri wa wizara hiyohiyo. Wote wawili waliingia serikalini bila kupiga kampeni hata kwenye kata moja.

Baada ya uteuzi hashiki madaraka mpaka ale kiapo mbele ya Rais. Tangazo la usiku peke yake halimfanyi mtu kuwa naibu waziri.

## Njia ya kufika huko

Hawa watu huanzia wapi?

Njia ni nyingi, ila kwa wa kwetu kuna tatu zinazojirudia.

Ya kwanza ni ya utawala. Angeline Mabula alikuwa mkuu wa wilaya kabla ya kuchukua jimbo la Ilemela mwaka 2015 na kuingia moja kwa moja Wizara ya Ardhi kama naibu waziri. Alexander Mnyeti alikuwa mkuu wa wilaya ya Arumeru, kisha mkuu wa mkoa wa Manyara, akarudi kugombea Misungwi mwaka 2020, na Agosti 2023 akawa Naibu Waziri wa Mifugo na Uvuvi. Watu wa njia hii wanaijua serikali kwa ndani. Baadhi yao pia huchelewa kuizoea kazi ya kuulizwa, maana mkuu wa wilaya yeye ndiye anayeuliza.

Ya pili ni ya taaluma. Charles Kitwanga aliyeshika Misungwi alitokea Benki Kuu. Lawrence Masha wa Nyamagana alikuwa mwanasheria.

Ya tatu ni ile aliyopita John Magufuli, na inastahili kuelezwa kwa kirefu kidogo kwa sababu nyayo zake ziko hapahapa ziwani. Alisoma Lake Sekondari hapa mjini, akafundisha kemia na hisabati Sengerema Sekondari, kisha akafanya kazi ya ukemia katika Chama Kikuu cha Ushirika cha Nyanza. Mwaka 1995 akagombea Biharamulo Mashariki, eneo ambalo baadaye likawa jimbo la Chato. Alikuwa mbunge mpya kabisa, na Rais Mkapa akamfanya Naibu Waziri wa Ujenzi palepale. Alikaa kwenye unaibu miaka mitano mizima. Wanaolalamika kwamba mbunge wao amekaa "bila kupandishwa" kwa miaka miwili wakumbuke hiyo mitano.

Elimu inayotakiwa ni ipi?

Kwa mujibu wa Katiba, sifa za naibu waziri ni zilezile za mbunge: raia wa Tanzania mwenye umri wa miaka 21 au zaidi, anayejua kusoma na kuandika Kiswahili au Kiingereza, na mwanachama aliyependekezwa na chama cha siasa. Hakuna ibara inayotaka naibu waziri wa Afya awe daktari. Magufuli alikuwa mtu wa kemia akapelekwa kwenye barabara.

Tukichagua upinzani, tunapoteza nafasi ya kupata naibu waziri?

Kikatiba hapana, kwa desturi ndiyo. Ibara inasema "miongoni mwa wabunge" bila kutaja chama. Lakini katika mfumo wa vyama vingi, serikali ya Muungano imeendelea kuundwa na wabunge wa chama tawala. Hata Kikwete alipomteua James Mbatia wa NCCR-Mageuzi kuwa mbunge, uteuzi huo haukufika kwenye uwaziri.

Mwanza mjini tulilijaribu hili kwa vitendo. Mwaka 2010 Nyamagana ilimchagua Ezekia Wenje na Ilemela ikamchagua Highness Kiwia, wote wa Chadema. Kwa miaka mitano jiji likawa halina mtu wake wa jimbo kwenye orodha ya mawaziri wala manaibu. Kama jiji liliumia kwa hilo ni mjadala mwingine, na sehemu yake iko kwenye swali la barabara hapo chini.

## Kazi ya kila siku

Dodoma anafanya nini hasa?

Anajibu maswali. Bunge likiwa kwenye mkutano, kikao huanza saa tatu asubuhi na kipindi cha maswali huwa mwanzoni. Anayeonekana kusimama mara nyingi zaidi ni naibu waziri. Anafungua jalada, anaanza: "Mheshimiwa Spika, kwa niaba ya Waziri, naomba kujibu swali la Mheshimiwa Mbunge kama ifuatavyo." Jibu la swali la msingi huandaliwa na wataalamu wa wizara kabla ya siku hiyo, yeye analisoma.

Mtihani wenyewe uko kwenye maswali ya nyongeza. Hayo hayajaandikwa popote. Mbunge wa Ukerewe anaweza kuwa ameuliza kuhusu kivuko, halafu wa Rorya akanyanyuka na gati lake, na wa Muleba na lake. Naibu aliyeisoma wizara yake utamjua hapo, kwa dakika mbili tu. Ambaye hajaisoma pia utamjua.

Kazi nyingine ni vikao vya kamati za Bunge, ziara za miradi, kufungua semina na kumwakilisha waziri. Hotuba kubwa ya bajeti, ile ya kati ya Aprili na Juni, kwa kawaida husomwa na waziri. Naibu humsaidia kujibu hoja za wabunge.

Mbona majibu yao yanafanana? "Mchakato unaendelea", "fedha zikipatikana"…

Yanafanana kwa sababu ya lile la Baraza la Mawaziri. Naibu waziri hawezi kuahidi kitu ambacho serikali haijakiamua, na hana sahihi ya kutoa fedha. Akisema "kivuko kitafika Desemba" wakati wizara haijakitengea bajeti, ameiweka serikali nzima kwenye deni, na Taarifa Rasmi za Bunge zimemnukuu.

Hata hivyo majibu yote hayana uzito mmoja. "Serikali inatambua umuhimu" maana yake hakuna kitu mezani. "Upembuzi yakinifu umekamilika" ni hatua halisi. "Mradi umetengewa fedha katika mwaka huu" ni hatua kubwa zaidi, ingawa kutengewa si kupokea. Na "niko tayari kuongozana na Mheshimiwa Mbunge baada ya Bunge hili" ina maana moja tu: mbunge huyo alibana vya kutosha. Ukisikia hiyo ya mwisho kuhusu kijiji chako, andika tarehe, kisha usubiri gari lenye kibao cha NW, yaani Naibu Waziri.

Ziara zao zina faida yoyote, au ni picha?

Inategemea anachoondoka nacho. Tuchukue ardhi, ambayo kwa Mwanza si jambo dogo: nusu ya mji umepanda milimani kabla ya ramani haijafika. Angeline Mabula akiwa naibu wa wizara hiyo alijulikana kwa kusukuma urasimishaji wa makazi, ukusanyaji wa kodi ya pango la ardhi na utatuzi wa migogoro ya viwanja, tena mikoa yote, si Ilemela pekee. Kwenye ziara ya namna hiyo maofisa ardhi wanakuwepo na majalada yao, na mlalamikaji anasikilizwa mbele yao. Hapo naibu waziri ana nguvu halisi: anaweza kumtaka ofisa aeleze hadharani jambo ambalo mwananchi amezungushwa nalo miezi.

Ziara ambayo maofisa hawakuja na jalada lolote, na mheshimiwa anaondoka akisema "nimelichukua", ni ya picha.

Naibu waziri analeta barabara jimboni kwake?

Hili ndilo swali kubwa, na jibu letu litawaudhi baadhi ya watu.

Angalia daraja la Kigongo–Busisi, lenye urefu wa kilomita 3 juu ya Ghuba ya Mwanza, lililozinduliwa Juni 2025 kwa jina la J.P. Magufuli. Ni mradi ulioondoa foleni ya vivuko tuliyoizoea kwa maisha yetu yote. Kigongo iko Misungwi, Busisi iko Sengerema. Jiwe la msingi lilipowekwa Desemba 2019, wabunge wa pande hizo mbili walikuwa Charles Kitwanga na William Ngeleja. Wote walikuwa wamewahi kuwa naibu mawaziri na mawaziri. Na siku hiyo wote walikuwa wabunge wa kawaida, nje ya serikali. Mradi mkubwa kuliko yote katika majimbo yao ulianza wakati hawana vyeo. (Ndiyo, tunajua: Rais alikuwa wa Chato, na barabara hiyo ndiyo ya kwenda kwao. Hiyo inathibitisha tu kwamba maamuzi ya ukubwa huo hayafanywi na manaibu.)

Kuna na upande ambao hausemwi kwenye mikutano. Mbunge akishakuwa naibu waziri, anapoteza kinywa cha kuuliza. Ni sehemu ya serikali. Hawezi kusimama asubuhi na kuibana serikali hiyohiyo kuhusu maji ya Nyamhongolo au barabara ya Buswelu. Jirani yake asiye na cheo anaweza, tena kila mkutano wa Bunge. Naibu waziri atalazimika kwenda kumwona mwenzake ofisini, kwa upole, na sisi wananchi hatutakuwa na kumbukumbu yoyote ya kilichosemwa humo ndani. Anachopata badala yake ni kujulikana na makatibu wakuu na kupokelewa simu. Kwa jimbo fulani biashara hiyo inalipa, kwa jingine hailipi. Usishangilie uteuzi kabla hujajua mbunge wako alikuwa ameuliza nini mpaka siku anateuliwa, na nani ataendelea kuuliza.

Nina shida. Niende kwa naibu waziri gani?

Anza chini kwanza: mtaa, kata, halmashauri, mkuu wa wilaya. Ikishindikana, ujue wizara, maana watu wengi wanapeleka jambo la kweli mlango usio wake.

Barabara kuu na za mkoa ziko TANROADS, chini ya Wizara ya Ujenzi. Barabara za mitaa na za wilaya ziko TARURA, chini ya TAMISEMI. Maji ya jijini ni MWAUWASA na ya vijijini ni RUWASA, zote chini ya Wizara ya Maji. Leseni za uvuvi, nyavu na vizimba ni Mifugo na Uvuvi. Viwanja na hati ni Ardhi. Ila kwenye maji ya ziwa kuna mtego: vivuko vya TEMESA, wakala wa serikali wa ufundi na umeme, viko Ujenzi, lakini meli za abiria na mizigo ziko Uchukuzi. Mtu wa Ukara anayelalamikia kivuko kwa naibu waziri wa Uchukuzi atajibiwa kwa heshima zote kwamba hilo si lake.

Ukiandika barua, iandike kwa Katibu Mkuu wa wizara na nakala umpe naibu waziri pamoja na mbunge wako. Barua yenye namba ya kumbukumbu inafuatilika. Ujumbe uliomwachia dereva wake haufuatiliki.

## Kupanda na kushuka

Unaibu ni ngazi ya kwenda uwaziri?

Mara nyingi, ndiyo. Medard Kalemani wa Chato alitoka unaibu wa Nishati na Madini mwaka 2015 hadi uwaziri wa Nishati mwaka 2017. Ngeleja alitoka unaibu hadi uwaziri katika Wizara ya Nishati na Madini Februari 2008. Kangi Lugola wa Mwibara alikaa unaibu kwenye Muungano na Mazingira tangu Oktoba 2017, na Julai 2018 akawa Waziri wa Mambo ya Ndani. Angeline Mabula alisubiri zaidi: alikuwa naibu tangu mwishoni mwa 2015, akawa waziri wa Ardhi Januari 2022. Ukipanda juu kabisa, Kikwete na Magufuli wote wawili walipita kwenye unaibu waziri.

Lakini ngazi hiyo ina upande wa kushukia. Kati ya hao wanne wa kwanza, hakuna aliyefikisha miaka mitano kwenye uwaziri. Aliyekaribia zaidi ni Ngeleja, kwa miaka minne na miezi michache.

Nani anaweza kumwondoa?

Rais, wakati wowote, bila kutakiwa kutoa sababu. Lugha rasmi ni "uteuzi wake umetenguliwa". Ya mtaani, tangu 2015, ni "katumbuliwa".

Bunge halina kura ya kumwondoa naibu waziri wala waziri mmojammoja. Kura ya kutokuwa na imani ipo kwa Waziri Mkuu tu, kwenye ibara ya 53A. Hata hivyo shinikizo hufika kwa njia ya kuzunguka. Aprili 2012 wabunge walianza kukusanya saini dhidi ya Waziri Mkuu Pinda. Kura haikupigwa, ila Mei mkeka ukatoka. Ngeleja wa Sengerema akaondoka Nishati na Madini, na kwenye mkeka huohuo Charles Tizeba wa Buchosa akaingia kama Naibu Waziri wa Uchukuzi. Majimbo hayo mawili yako ndani ya wilaya moja. Siku ile Sengerema walilia na kucheka kwa pamoja.

Kitwanga aliondolewa kwa nini?

Kwa sababu iliyotolewa na Ikulu yenyewe Mei 20, 2016: kwamba aliingia bungeni na kujibu swali la wizara yake akiwa amelewa. Wakati huo hakuwa naibu tena, alikuwa Waziri wa Mambo ya Ndani, baada ya kupita kwenye unaibu wa zaidi ya wizara moja enzi za Kikwete.

Kinachosahaulika ni kilichofuata. Mwigulu Nchemba alihamishwa kutoka Kilimo kwenda kuziba pengo la Mambo ya Ndani, na pengo la Kilimo likazibwa na Tizeba. Kwa hiyo Misungwi ilipopoteza waziri, Buchosa ilipata. Tizeba naye aliondolewa Novemba 2018, wakati wa sakata la bei ya korosho, na nafasi yake ikachukuliwa na Japhet Hasunga aliyekuwa… naibu waziri wa Maliasili na Utalii.

Kuna aliyewahi kujiuzulu mwenyewe kwa jambo la huku kwetu?

Yupo, na ni mfano mzito kuliko yote. Miaka ya 1970 watu waliokamatwa katika operesheni dhidi ya mauaji ya kishirikina Mwanza na Shinyanga waliteswa, na baadhi wakafia mikononi mwa vyombo vya dola. Ali Hassan Mwinyi alikuwa Waziri wa Mambo ya Ndani. Hakumgusa mtu yeyote kwa mkono wake. Mwaka 1977 alijiuzulu, kwa kuwa waliofanya hayo walikuwa chini ya wizara yake. Miaka minane baadaye alikuwa Rais.

Linganisha na MV Nyerere. Septemba 20, 2018 kivuko hicho kilipinduka karibu na Ukara na watu zaidi ya 220 wakafa. Mtendaji mkuu wa TEMESA aliondolewa na bodi ikavunjwa. Kwenye ngazi ya uwaziri hakuna kiti kilichobaki wazi. Tunaacha msomaji apime.

Cheo kinamlinda mtu kwenye uchaguzi?

Waulize watu wa Nyamagana. Masha alianza kama naibu waziri, akapanda hadi Waziri wa Mambo ya Ndani, na mwaka 2010 akashindwa jimboni akiwa bado waziri. Uchaguzi huohuo Anthony Diallo, aliyekuwa waziri miaka ya mwanzo ya Kikwete na mwenye chombo chake cha habari mjini hapa, aliipoteza Ilemela. Kabla ya hapo kuna kura za maoni za chama, ambako naibu waziri anapanga foleni na wagombea wengine. Wajumbe wengi wanamkumbuka kwa misiba aliyokosa kufika akiwa Dodoma.

## Mambo ya pembeni

Bunge likivunjwa, bado ni naibu waziri?

Ndiyo, kwa muda. Kukoma kwa ubunge kwa sababu ya Bunge kuvunjwa hakumwondoi kwenye unaibu. Anaendelea mpaka Rais mteule anapowadia kushika madaraka. Ndiyo maana wakati wa kampeni unaweza kumkuta mtu si mbunge tena lakini bado anaitwa naibu waziri. Akipoteza ubunge kwa sababu nyingine yoyote, unaibu unakwisha siku hiyohiyo.

Waziri Mkuu akijiuzulu, manaibu nao wanaondoka?

Wanaondoka wote. Ibara ya 57 inasema nafasi ya waziri au naibu waziri inakuwa wazi iwapo kiti cha Waziri Mkuu kitakuwa wazi. Ilitokea Februari 2008 Edward Lowassa alipojiuzulu kwa sakata la Richmond, yaani mkataba wa umeme wa dharura. Ngeleja aliyekuwa naibu aliondoka pamoja na wenzake, akarudi siku chache baadaye akiwa waziri.

Akihama chama?

Anapoteza ubunge, na pamoja nao unaibu. Tazama jibu la Bunge kuvunjwa.

Anaweza kuipinga serikali hadharani kwa ajili ya jimbo lake?

Hawezi na akabaki. Serikali huwajibika bungeni kwa pamoja. Asiyekubaliana na uamuzi anautetea au anaondoka. Maelezo zaidi yako kwenye swali la barabara.

Mabula wa Nyamagana na Mabula wa Ilemela ni mtu mmoja?

Hapana. Stanslaus Mabula na Angeline Mabula wote waliingia bungeni mwaka 2015, kila mmoja kwa jimbo lake, lakini aliyekuwa naibu waziri na baadaye waziri ni Angeline. Usukumani jina la Mabula linaitika kila mtaa, kwa hiyo usijenge undugu juu yake.

Nitahakiki vipi kazi aliyofanya, badala ya kutegemea mabango?

Ingia kwenye tovuti ya Bunge ufungue Taarifa Rasmi za majadiliano, zile zinazoitwa Hansard. Kila swali na kila jibu vimo, kwa tarehe, jina la muulizaji na jina la aliyejibu. Tafuta jina la kata au la mradi wenu badala ya jina la mheshimiwa. Ukitafuta jina lake utazama kwenye salamu na shukrani. Chukua jibu alilotoa, kwa mfano kuhusu bomba la maji la kata yenu, kisha nenda halmashauri uulize kama mradi huo umo kwenye bajeti ya mwaka uliofuata. Ikiwa haumo, mpe mbunge wako nakala ya ukurasa huo kabla ya mkutano ujao wa Bunge. Kama mbunge wako ndiye naibu waziri mwenyewe, mpe wa jimbo la jirani. Ana ruhusa ya kuuliza.